Ushirika Haurithiwi: Kuwasoma Mbiti na Wilson Tukiwa Ilula

Utangulizi

Katika vyuo vyetu vya teolojia iko kauli ambayo imepokelewa na kizazi baada ya kizazi cha wanafunzi bila kuhojiwa sana. Kauli hiyo yasema kwamba Mwafrika kwa asili yake ni mtu wa jumuiya. Kwamba Mzungu huanza na nafsi yake, bali Mwafrika huanza na jamaa zake. Na kwamba kwa sababu hiyo Kanisa la Afrika limekwisha kupewa bure kile ambacho makanisa ya Ulaya na Marekani yanakitafuta kwa taabu. Huonekana katika insha za mwaka wa kwanza, katika tasnifu za shahada, na hata katika mahubiri ya siku ya kubarikiwa wachungaji. Anayeuliza chanzo chake huelekezwa aghalabu kwenye kitabu kimoja, African Religions and Philosophy cha John Mbiti, kilichotoka mwaka 1969.

Makala hii inakusudia kuihakiki kauli hiyo. Tutakisoma kitabu cha Mbiti sambamba na kitabu kingine kilichokitangulia, Good Company cha Monica Wilson cha mwaka 1951, ambacho kiliandikwa juu ya watu wa Nyanda za Juu za Kusini. Tutavisoma tukiwa na mahali maalumu mbele ya macho yetu, yaani Ilula, kwa kuwa hoja juu ya jumuiya isiyokuwa na mahali ni rahisi mno kuwa kweli. Neno letu ni moja: ushirika haurithiwi. Hujengwa, tena hujengwa na watu ambao wangeweza kutoujenga. Kanisa linaloamini kwamba limeurithi halitaijua siku ambayo umekwisha kuvunjika.

Ilula kama mahali pa kusomea

Ilula ni mji mdogo katika Wilaya ya Kilolo, Mkoa wa Iringa. Msafiri atokaye Dar es Salaam huufikia baada ya kuupanda mlima wa Kitonga, kabla ya kuingia Iringa mjini. Barabara kuu iendayo Mbeya na Zambia inapita katikati yake. Wenyeji ni Wahehe, lakini barabara imeleta watu wa kila namna. Dayosisi ya Iringa ya KKKT ina hospitali hapo pamoja na mafunzo ya uuguzi. Kwa hiyo mchungaji wa mahali kama hapa huweza katika siku moja kukutana na mkulima, dalali, dereva wa lori, mama lishe, mwanafunzi wa uuguzi na mtumishi wa serikali aliyehamishwa mwezi uliopita. Wote hawa si wa ukoo mmoja, wala hawakuzikiwa mababu mahali pamoja.

Zao lililoitangaza Ilula ni nyanya. Si zao la kupanda na kungoja mvua tu. Lahitaji mbegu za kununua, mbolea, dawa za kuulia wadudu, na mara nyingi maji ya kumwagilia. Mkulima huweka fedha nyingi shambani kabla hajaona hata tenga moja. Mavuno ya wote yakija pamoja, bei huanguka, na nyanya haiwezi kuwekwa ghalani kama mahindi. Mtu aliyeahidi mengi kanisani mwezi wa kwanza huweza kuwa mdaiwa wa maduka mawili mwezi wa sita. Hatoki katika kijiji chake, hakuhamia mji mkubwa, lakini maisha yake yanaendeshwa na soko asilolijua.

Juu ya hayo likaja janga la UKIMWI. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2007–08 ulionyesha kwamba katika Mkoa wa Iringa, ambao wakati ule ulijumuisha Njombe, asilimia 15.7 ya watu wenye umri wa miaka 15 hadi 49 walikuwa na virusi. Hakuna mkoa mwingine wa Tanzania Bara uliokikaribia kiwango hicho. Katika utafiti wa mwaka 2011–12, Njombe ilipohesabiwa peke yake, Iringa ilikuwa na asilimia 9.1 na Njombe 14.8. Nyuma ya tarakimu hizi kuna makaburi, mabibi waliorudia kulea, na watu wanaomeza dawa kwa siri ili jirani asijue.

Mtu wa mahali kama hapa hutafuta maana ya kiroho kwa maswali ya kawaida kabisa. Nani atanizika? Nani atawatunza watoto wangu? Nikianguka, nani atajua, na akijua atafanya nini na ujuzi huo? Maswali haya ni ya kiroho kamili, na ndiyo tutakayoviuliza vitabu vyetu.

Mbiti: kauli na yale yaliyoachwa

Lazima tumtendee haki Mbiti. Aliandika wakati ambapo wasomi wengi wa Ulaya walikuwa bado wakiziita dini za Kiafrika ushirikina. Kasisi huyo wa Kianglikana kutoka Kenya, aliyefundisha Makerere, alikusanya habari za mamia ya makabila na kuonyesha kwamba hapakuwa na utupu pale wamisionari walipofika. Kwa kazi hiyo Kanisa la Afrika litabaki na deni kwake, hata baada ya kifo chake mwaka 2019.

Hata hivyo, kitabu kimesomwa kwa namna ambayo chenyewe hakikuidhinisha. Katika sura yake juu ya ukoo na mtu binafsi, Mbiti anafundisha kwamba mtu huwepo kwa sababu ya wengine, waliopo na waliotangulia. Hapo ndipo wanafunzi wengi hunyanyua kalamu na kunakili. Lakini aya hizohizo zinasema pia kwamba kuzaliwa kimwili hakutoshi. Mtoto huletwa duniani na maumbile, lakini jamii ndiyo inayomfanya kuwa mtu, kwa kumpa jina, kumpitisha katika jando na unyago, na kumtambulisha hatua kwa hatua. Yaani hata kwa Mbiti jumuiya ni kazi. Ina ratiba, ina gharama, ina wazee waliokesha. Kauli ya darasani imelibakiza tunda na kuitupa kazi ya shambani.

Pili, Mbiti hakuficha kwamba jumuiya iliyobanana huzaa chuki. Katika sura zinazohusu uchawi na uovu anaonyesha kwamba watu wanaojuana sana ndio wanaodhuriana sana. Na katika sura za mwisho anazungumza waziwazi juu ya mtu aliyebadilika, aliyeng'olewa kwenye udongo wake, anayetafuta tunu mpya na usalama mpya. Kasoro ya Mbiti ni kwamba aliyaweka mambo haya katika sura mbalimbali, kana kwamba mshikamano ni habari moja na uchawi ni habari nyingine. Msomaji anayeishia kwenye sura ya ukoo hupata jumuiya isiyo na ugomvi, na jumuiya isiyo na ugomvi haijapata kuwepo.

Kasoro ya tatu ni kubwa zaidi. Mbiti huandika juu ya Mwafrika kwa jumla. Okot p'Bitek alimkosoa vikali mapema katika miaka ya 1970 kwa kumvisha Mungu wa Waafrika mavazi ya Kiyunani. Sisi tungeongeza kwamba jumuiya yake nayo imevishwa vazi la jumla mno. Haina barabara, haina soko, haina mtu ambaye ameshindwa kulipa mchango. Mkulima wetu wa Ilula akimwuliza Mbiti ni nani atakayebaki naye msimu ukiharibika, atajibiwa kwamba yeye kwa asili ni wa wote. Jibu hilo ni zuri, lakini halimtaji mtu hata mmoja.

Wilson: kijiji kilichojengwa

Monica Wilson, aliyezaliwa Lovedale, Afrika Kusini, mwaka 1908 katika nyumba ya wamisionari, alifanya utafiti pamoja na mumewe Godfrey miongoni mwa Wanyakyusa wa Rungwe kati ya miaka 1934 na 1938. Godfrey alifariki mwaka 1944, na mjane wake ndiye aliyeandika vitabu. Good Company ni cha kwanza katika mfululizo huo juu ya Wanyakyusa.

Jambo lililomshangaza Wilson ni kwamba Wanyakyusa hawakuishi katika vijiji vya ukoo. Wavulana wa umri wa miaka kumi hivi waliondoka katika nyumba za baba zao, wakajenga vibanda vyao pembeni, na kuanza kijiji cha rika lao. Waliendelea kula kwa mama zao, wakienda kwa zamu kama kundi, lakini walilala kwao. Walipokua walioa na kuwaleta wake zao katika kijiji kilekile. Mara moja katika kizazi ilifanyika sherehe kubwa ambamo baba waliwakabidhi wana madaraka ya nchi. Na walipoulizwa sababu, walitaja pamoja na mambo mengine neno ukwangala, yaani furaha ya kukaa pamoja na wenzako, kula nao, kuzungumza nao, na kupata adabu na busara kutoka kwao.

Kwa hoja yetu ushuhuda huu ni wa thamani kubwa. Hapa, katika nyanda zetu wenyewe, palikuwa na watu ambao hawakuuchukulia ushirika kama kitu cha damu. Kila kizazi kilipaswa kuanza upya, kwa matope na miti, kikijenga kijiji ambacho hakikuwepo jana. Ndugu wa tumbo moja wenye umri tofauti waliweza kuishi vijiji tofauti. Mtu asiye ndugu akawa jirani wa maisha yote.

Lakini Wilson, tofauti na wasomaji wengi wa Mbiti, aliweka ushirika na hofu katika kitabu kimoja, tena karibu katika ukurasa mmoja. Kijiji kililindwa na kile kilichoitwa pumzi ya watu. Mtu aliyevunja desturi, aliyekuwa mchoyo, aliyekataa kuwalisha majirani katika msiba au arusi, alinung'unikiwa, na manung'uniko hayo yaliaminiwa kuwa baridi inayoingia mwilini na kuleta ugonjwa. Waliokuwa na nguvu ya kuwalinda wenzao dhidi ya wachawi waliaminiwa kuwa na nguvu ya namna ileile waliyokuwa nayo wachawi wenyewe. Aliyeshutumiwa mara nyingi alihama. Furaha ya kukaa pamoja na woga wa jirani vilikula chungu kimoja.

Katika vitabu vyake vilivyofuata juu ya ibada za Wanyakyusa, vya mwaka 1957 na 1959, Wilson alieleza dawa waliyokuwa nayo. Ibada ya ukoo au ya nchi haikuweza kuwa na nguvu ikiwa wahusika wameficha hasira moyoni. Ilipasa kwanza ugomvi usemwe kwa kinywa, mbele ya wengine, ndipo wapatane na kuomba pamoja. Hasira iliyosemwa iliweza kupoa. Hasira iliyofichwa iliua.

Nasi tuna ya kumkosoa Wilson. Kijiji chake ni cha wanaume. Wanawake huingia kwa ndoa, na ukwangala wao hautajwi kwa uzito uleule. Pia anaandika mara nyingi kana kwamba alichokiona katika miaka ya 1930 kilikuwa hivyo tangu zamani, ilhali Wamoraviani na Wamisionari wa Berlin walikuwa wamefika katika eneo hilo tangu mwaka 1891. Yeye mwenyewe alilitambua badiliko: katika kitabu chake cha mwaka 1977, For Men and Elders, alisimulia jinsi vijiji vya marika vilivyokuwa vimefifia. Ardhi ilipungua, mazao ya biashara yaliingia, na kijana aliyekuwa na shamba lake la kahawa hakuwa tayari tena kuhama na rika lake. Jambo hili halidhoofishi hoja yake, bali laithibitisha. Kilichojengwa chaweza kuanguka, na kilipoanguka damu ya Kinyakyusa haikukisimamisha tena.

Isimani na umati wa Samunge

Kauli kwamba sisi ni wajamaa kwa asili haikubaki darasani. Katika kijitabu chake cha mwaka 1962 Mwalimu Nyerere aliuita ujamaa hali ya moyo, akaueleza kama kitu ambacho Waafrika hawakuhitaji kufundishwa. Ni haki kusema kwamba mwaka 1967, katika Ujamaa Vijijini, alikiri kasoro mbili za maisha ya jadi, yaani unyonge wa wanawake na umaskini. Lakini msingi ulikwisha kuwekwa: ikiwa ujamaa umo ndani ya watu, kazi ya dola ni kuuamsha, na asiyetaka kuamka ni mpinzani. Siku ya Krismasi ya mwaka 1971, huko Isimani, kaskazini ya Iringa, mkulima Said Mwamwindi alimwua Mkuu wa Mkoa, Dk. Wilbert Kleruu, katika ugomvi uliohusu mashamba na ujamaa. Mkulima alihukumiwa kunyongwa. Miaka michache baadaye, watu katika sehemu nyingi za nchi walihamishwa kwa amri. Hatusemi kwamba kitabu au kijitabu kilimwua mtu. Twasema kwamba anayeamini ushirika umo tayari katika damu hushawishika kuulazimisha pale asipouona.

Kosa lililo kinyume cha hilo ni kuutafuta ushirika katika umati. Mwaka 2011 maelfu kwa maelfu ya watu walikwenda katika kijiji cha Samunge, Loliondo, kwa Ambilikile Mwasapile, mchungaji mstaafu wa KKKT, ili wanywe kikombe cha dawa kwa shilingi 500. Wapo waliolicheka jambo hilo. Yafaa kwanza tulielewe. Waziri na mchuuzi walilipa kiasi kilekile, wakanywa kikombe kilekile, wakalala barabarani foleni ileile. Kwa siku chache mgonjwa hakuwa na aibu, kwa maana kila aliyekuwa karibu naye alikuwa mgonjwa. Kulikuwa na kivuli cha Meza ya Bwana katika foleni ile, na mwanateolojia asiyekiona hajaielewa njaa ya watu wake. Lakini ilikuwa foleni. Aliyekunywa alipanda gari na kurudi kwao, na aliyekuwa nyuma yake hakujua jina lake. Wapo walioacha dawa za hospitali, na hapakuwa na jirani wa foleni wa kuwauliza mwezi uliofuata wanaendeleaje. Mwezi Februari 2020 watu 20 walifariki mjini Moshi katika msongamano wa kuyakimbilia mafuta yaliyoitwa ya upako. Njaa ni ileile, na umati ni uleule usiojua majina.

Pingamizi la Kilutheri

Hapa Mlutheri makini ataleta pingamizi. Ikiwa mwasema ushirika hujengwa, je, hamjarudisha matendo kupitia mlango wa nyuma? Kila mtoto wa kipaimara amejifunza katika Katekisimo Ndogo ya Luther ya mwaka 1529, katika maelezo ya sehemu ya tatu ya Imani, kwamba hawezi kuamini kwa akili wala nguvu zake, bali Roho Mtakatifu ndiye aitaye na kukusanya. Naye Dietrich Bonhoeffer, katika kitabu chake juu ya maisha ya pamoja cha mwaka 1939, alionya kwamba anayeipenda ndoto yake ya jumuiya kuliko jumuiya yenyewe huiharibu. Alikuwa ameongoza seminari ya Finkenwalde, huko Pomerania, mpaka ilipofungwa na polisi wa Hitler mwaka 1937. Jina la nchi hiyo tunalo hapa Kilolo, katika kituo cha misioni ambacho Wajerumani walikiita Pommern.

Pingamizi hili ni la kweli, nalo linaitakasa hoja yetu badala ya kuiangusha. Bonhoeffer alipinga ndoto. Isimani na Samunge zote mbili zilikuwa ndoto. Lakini mwandishi huyohuyo alijaza kitabu chake mambo madogo ya kila siku: kuzuia ulimi, kumsikiliza ndugu, kumsaidia, kumchukulia, kuungama mbele yake. Kukusanywa ni zawadi. Kubaki ni kazi inayotoka katika zawadi hiyo.

Kitabu cha Matendo ya Mitume chaonyesha jambo hili kwa uwazi. Katika sura ya 2 Roho analikusanya Kanisa, na waamini wanashirikiana vyote. Katika sura ya 6, Kanisa lilelile la Pentekoste, wajane wa Kiyunani wanasahauliwa katika ugawaji wa kila siku, na manung'uniko yanatokea. Mitume hawakujibu kwamba ushirika ni zawadi, kwa hiyo wajane watulie. Wala hawakuyakemea manung'uniko kuwa ni uchawi. Waliwateua watu saba wenye majina. Luther naye, katika Hati za Smalkald za mwaka 1537, aliyataja mazungumzo na faraja ya ndugu kwa ndugu kuwa njia mojawapo ya Injili kutufikia, pamoja na mahubiri, Ubatizo, Meza ya Bwana na mamlaka ya funguo. Twaona kwamba fundisho hili limekaa katika vitabu vyetu vya Ungamo muda mrefu kuliko lilivyokaa katika sharika zetu.

Daftari na jina

Sasa tumrudie mkulima wa Ilula, ambaye twamtumia kama mfano tu. Msimu umeharibika. Ahadi yake ya mwaka haijalipwa, na bahasha yake ni tupu. Katika sharika kadhaa nchini, majina ya waliotoa na wasiotoa husomwa au hubandikwa. Jumuiya ya nyumbani ina mchango wake. Kwaya ina sare yake. Msiba una daftari lake la rambirambi. Kila kimoja kina sababu njema, na Kanisa lisilo na wafadhili lazima lijitegemee. Lakini kwa mtu huyu vyote vinakuwa sauti moja. Jumapili ya kwanza haendi kwa sababu ya aibu. Ya pili haendi kwa sababu hakwenda ya kwanza. Hakuna aliyemfukuza. Pumzi ya watu ya Wanyakyusa imefanya kazi yake, bila hata mtu kunong'ona.

Mkewe huenda yumo katika kikoba. Huko huitwa kwa jina kila juma, akichelewa hutozwa faini, na upo mfuko wa jamii wa kumsaidia akiuguliwa. Vikoba vimeenea nchini tangu miaka ya 2000, na si vigumu kuona ni kwa nini. Lakini kikoba nacho kina mpaka wake: asiyeweza kununua hisa hutoka. Ni ushirika wa kweli kwa wale wanaoweza. Kanisa ndilo pekee lililopewa amri ya kubaki na yule ambaye hawezi. Likimpoteza huyo, limepoteza kile ambacho kingelitofautisha na kikoba chenye kwaya.

Kutokana na uhakiki huu twapendekeza mambo matatu. La kwanza, daftari la ahadi na orodha ya watu wa jumuiya vitenganishwe, visishikwe na mtu mmoja, na anayekosa mara mbili atembelewe na mtu ambaye hana habari za fedha zake. Hili ni jambo la utawala, kama lilivyokuwa lile la wale Saba. La pili, jumuiya za nyumbani zijifunze kwa Wanyakyusa wa Wilson, kwa kuwa Mathayo 5:23–24 na Yakobo 5:16 zaagiza jambo lililo karibu sana na desturi yao: hasira isemwe kabla ya sala. Iko tofauti moja kubwa. Wao walisema hasira kwa kuhofu ugonjwa. Sisi twaisema kwa sababu msamaha umekwisha kutangazwa. Hofu ikiondoka, anayemeza dawa kwa siri naye huweza siku moja kusema. La tatu, mwanafunzi wa uchungaji anayerudi kutoka mazoezi ya usharikani asiulizwe tu amehubiri mara ngapi. Aulizwe ni nani aliyeacha kuja katika muda wake, na kwa nini.

Hitimisho

Mbiti atabaki katika orodha zetu za vitabu, na anastahili. Twaomba tu asomwe mpaka sura za mwisho, na asomwe pamoja na Wilson, ambaye alijua kwamba kijiji kilichopo leo kilijengwa na watoto waliobeba miti vichwani. Kauli kwamba sisi ni watu wa jumuiya kwa asili itaendelea kupendwa, kwa kuwa inatusifu. Lakini Injili haikuja kuisifu asili yetu. Ilikuja kuwaita kwa majina watu ambao asili, soko na ugonjwa viliwatawanya. Kwa hiyo uhai wa usharika kando ya barabara hauwezi kupimwa kwa wingi wa waliojaa siku ya Mavuno. Upimwe kwa yule ambaye nyanya zake zilioza mwaka huu: kama kiti chake kina mtu, na kama kikiwa kitupu, kuna yeyote aliyeona.